Komeo Liko Ndani

Jumamosi, tarehe 2, mwezi wa Shayiri

Mwalimu Haldo amenirudishia insha. Wino mwekundu kila mahali, kama mtu kachinjia kuku juu yake.

Kichwa ni kilekile walichokitaka wao: "Fundi Mkuu wa Muda: Maisha Yake na Urithi Wake." Chini yake niliandika kwamba Babu alikuwa anatukana mbuzi, kila mbuzi kwa tusi lake. Kafuta. Niliandika kwamba alitengeneza kabati dogo la kutuliza muda, akaliweka jikoni, ili supu yangu ya vitunguu isipoe nikichelewa kutoka shuleni. Kafuta! Pembeni kaandika: "Halina hadhi."

Malango yanayozuia baridi isishuke mashambani kabla ya mavuno — hayo yabaki. Wodi ya Utulivu, ambako majeruhi hulazwa muda ukisota hadi mganga afike — hiyo ibaki. Supu itoke.

Supu ndiyo ilikuwa insha yenyewe.

Na nitaisoma mbele ya mji mzima, Siku ya Pumzi. Mimi! Mimi ambaye nikitaka kuomba ruhusa ya kwenda msalani, naanza kujiandaa tangu kipindi kilichopita. Brigan kasema watanifungia kwenye kabati la babu yangu nisomee humo, maana kwa sauti yangu ile, nikifika aya ya pili wao watakuwa wameshaota mvi. Darasa zima likacheka. Karibu nami nicheke. Hilo ndilo linaniudhi zaidi.


Jumapili, tarehe 3

Mama anapiga pasi joho lake la Mlinzi wa Pumzi. Tangu asubuhi. Lina mikunjo ishirini na kila mkunjo una adabu zake.

Nilimuuliza kama dawa ya kifua imepatikana. Akasema, "Usianze, Tirune."

Sijaanza mimi. Walianza wao, nikiwa mtoto wa miaka minane. Babu alikuwa anakohoa vumbi la shaba la maisha yake yote, mganga akasema wiki mbili, basi. Wazee wa Baraza wakaja na kofia mikononi: ingia kwenye Chumba Tulivu, Fundi Mkuu, usubiri humo mpaka dawa ipatikane. Mama akalia. Babu akaingia. Humo ndani pumzi yake moja ni mwaka wetu mzima. Sasa kila mwaka kifua chake kinapoanza kupanda, Mama anainua mkono, kengele zinalia, watu wanakunywa pombe ya shayiri na kula mikate yenye umbo la Babu. Mwaka jana Brigan alimng'ata kichwa mbele ya macho yangu.

Na dawa? Hakuna anayeitafuta. Nimeuliza zahanati, hawajui hata swali.

Ukilalamika unapewa jibu moja. Tunalikariri tangu darasa la kwanza: komeo liko ndani. Ni kweli, ilikuwa sheria ya Babu mwenyewe. Chumba chochote cha kutuliza muda, komeo lake liwe ndani, jepesi, la kuguswa tu kwa kidole, mtu asije akafungiwa bila hiari yake. Kwa hiyo angetaka kutoka, angetoka. Maneno yanaishia hapo.


Jumanne, tarehe 5

Zawadi ya insha bora: kesho napelekwa mnarani kuona Fundi Mkuu anavyosafishwa! Mwalimu Haldo katangaza kama vile ni harusi. Kumbe kwa kawaida wanamsafisha miezi miwili kabla ya sherehe, ila mwaka huu wamechelewa, kuna kitu walikuwa wanakisubiri.

Sijawahi kumwona kwa karibu. Siku ya Pumzi sisi tunakaa chini uwanjani, tunaona kioo kinang'aa na kitu cheusi katikati.

Nimesuka nywele upya. Sijui kwa nini. Haoni.


Jumatano, tarehe 6

Mwandiko utakuwa mbaya. Sijali.

Mzee Pimmo ndiye msafishaji. Mtu mcheshi, mgongo umepinda, anaimba akifanya kazi. Kuna ukumbi mwembamba unaozunguka Chumba Tulivu, na kwenye kioo kuna matundu ya kupitishia fimbo. Fimbo ni za shaba tupu, na brashi zake ni nyuzi za shaba, kwa sababu muda haushiki shaba. Hilo ndilo jambo la kwanza Babu aligundua ujanani. Kila mtoto analijua.

Mzee Pimmo alianza na nyusi. Akashuka puani. Akampangusa masikio, anaimba. Harufu ilikuwa ya maziwa yaliyolala na shaba. Babu alikuwa akisema muda ukizuiwa unanuka, nami nilidhani anatania.

Halafu nikaona mkono.

Kwenye picha zote, kwenye mikate, kwenye sanamu ya uwanjani, mkono wake wa kulia umetulia juu ya goti. Mkono niliouona mimi haukuwa juu ya goti. Ulikuwa hewani. Umenyooka, vidole vimetanuka, kidole cha shahada mbele ya vyote. Kati ya kidole hicho na komeo ingepita punje moja ya shayiri. Moja.

Nikauliza mkono umekuwaje. Akasema, "Eeh? Sema kwa nguvu, bibie." Nikarudia.

"Aa, huo! Huo hutangatanga," akasema. "Mtu akikaa kwenye utulivu anaelea kidogo, kama jani kwenye ndoo. Kila mwaka tunaurudisha gotini. Polepole, siku mbili tatu, mfupa usije ukavunjika. Lakini mwaka huu ndio mwisho! Baraza limeagiza bangili ya shaba. Tunaufunga palepale kwenye kiti, hausogei tena. Na mgongo wangu upumzike."

"Kila mwaka hutangatanga kwenda wapi?"

"Hukohuko." Akacheka. "Anapenda upande wa mlango, mzee wetu."

Nilitapika kwenye ngazi. Mzee Pimmo akasema ni urefu wa mnara, hata Mkuu wa Mji hupata kizunguzungu. Akanipa maji.


Alhamisi, tarehe 7

Haelei.

Jani kwenye ndoo huenda popote. Halina upande.

Nimewaza hivi. Kwa Babu haijapita miaka saba. Ni pumzi saba tu. Amekaa kitini sasa hivi, mlango umefungwa sasa hivi. Akatazama nje ya kioo akaniona: pumzi moja, nimeng'oka meno. Pumzi ya pili, nimeota mengine. Akasema hapana, akanyoosha mkono atoke. Kitu kikaja kikamsukuma mkono hadi gotini. Akanyoosha tena. Kikamsukuma tena. Na tena!

Ningekuwa mimi ningedhani ni wazimu, au pepo. Lakini yeye anajua shaba. Hakuna anayeijua shaba kama yeye. Kwa hiyo anajua ni sisi.


Ijumaa, tarehe 8

Nilimwambia Mwalimu Haldo. Nilibaki darasani hadi wote wakatoka, nikasema yote kwa mara moja, bila kumeza mate. Akavua miwani. Akasema yapo maandishi ya Fundi Mkuu mwenyewe kuhusu vitu kuelea kwenye utulivu. Nikasema hayo ni kuhusu unga! Alikuwa anaandika kuhusu unga kwenye kabati! Akasema huzuni ni kitu cha kawaida, na niongeze aya ya mwisho kuhusu shukrani.

Shukrani.

Nimeiandika. Nimeichana. Nimeichana vipande vidogo kabisa.


Jumapili, tarehe 10

Nimempigia Mama kelele. Sijawahi.

Alikuwa anakoroga uji. Nikamuuliza kama anajua habari ya mkono. Mwiko haukusimama hata kidogo, hapo ndipo nikajua anajua.

"Mwaka wa kwanza niliuona," akasema. "Mimi ndiye niliyemwambia Pimmo aurudishe."

"Wewe?"

"Akitoka atakufa, Tiru. Wiki mbili. Pengine siku tatu."

"Na akikaa?"

"Akikaa, yupo."

"Yupo wapi, Mama? Tunampangusa vumbi! Tunamla kwenye mikate!"

Akaipua sufuria. Akaniambia kwa sauti ndogo kwamba mimi nilikuwa mtoto, nililala usingizi, sikumsikia akikohoa. Kwamba vitambaa vya damu alivifua yeye, peke yake, kila alfajiri kabla sijaamka, ili nisivione. Kwamba nikisema mwache afe, nijue ninamwambia nani arudi kwenye vile vitambaa.

Na hasira haijapungua hata kidogo — imeongezeka, kwa sababu sasa haina pa kukaa. Ningependa Mama awe mtu mbaya. Ingekuwa rahisi.

Uji uliungua. Tuliula hivyohivyo.


Jumatatu, tarehe 11

Brigan alileta bangili shuleni kutuonyesha. Baba yake ndiye mfua shaba aliyeitengeneza, ndiyo iliyokuwa ikisubiriwa. Ina masuke ya shayiri yamechongwa pande zote. Ni nzuri. Ni kitu kizuri kabisa, na nilitaka kuitupa kisimani.

Kesho asubuhi Mzee Pimmo anaanza kusukuma. Alhamisi wanafunga. Ijumaa sherehe.

Nilimwambia Brigan. Sijui kwa nini yeye. Labda kwa sababu bangili ilikuwa mkononi mwake. Akanisikiliza, mdomo wazi, halafu akauliza, "Sasa si mumuulize mwenyewe?"

Nikamweleza hasikii. Sauti zetu kwake ni mbu. Mbu anapita, kashatoweka.

"Kumbe sauti yako ya mbu ni ya ukoo mzima," akasema. Mjinga! Lakini alivyoirudisha bangili kwenye mfuko, aliishika kwa ncha za vidole, kama kitu kinachonuka.


Jumanne, tarehe 12

Nimeshafanya.

Nilifika mnarani kabla ya Mzee Pimmo. Nimebeba jibini, mkate, ndoo ya maji, ndoo nyingine tupu, insha, na daftari hili. Nimeingiza fimbo zote za shaba ndani ya ukumbi na kujifungia. Mlango huu pia aliutengeneza Babu.

Komeo liko ndani.

Mzee Pimmo akaja anaimba. Akasukuma mlango. Wimbo ukakatika.

"Nani humo?"

"Mimi."

"Mimi nani?"

"Tirune."

"Fungua basi, bibie, sijazaliwa na mgongo wa akiba."

Nikamwambia sifungui. Nikamwambia kwa nini: jani, ndoo, mlango, kila mwaka upande uleule. Nilisema nikiwa nimefumba macho. Nikasikia anaketi kwenye ngazi, taratibu, mifupa yake inalia.

"Mimi nilidhani anaelea," akasema.

Akaongeza, "Nilikuwa namwimbia."

Halafu akashuka kwenda kuwaambia Baraza. Ni kazi yake. Hata hivyo nimemkasirikia. Angekaa kidogo tu!


Jumatano, tarehe 13

Mkuu wa Mji mwenyewe, Bwana Kesterol. Alianza na sukari: binti mwerevu, binti wa ukoo mtukufu, wageni wamekuja kutoka mabonde yote, kuna ngoma, kuna maandamano ya watoto. Sikufungua. Akaweka sukari kando. Fundi Mkuu ni mali ya mji. Malango yakiharibika, nani atayatengeneza?

"Kwani humo ndani anatengeneza nini?" nikasema.

"Sema kwa nguvu, sikusikii."

"HUMO NDANI ANATENGENEZA NINI?"

Nilisikia mtu wa nyuma yake anakohoa kuficha kicheko. Lango la Kaskazini linavuja tangu mwaka juzi, baridi imeua mizabibu ya watu, na kila wakiulizwa Baraza wanasema tunaye Fundi Mkuu. Hawajamfundisha mtu hata mmoja! Miaka saba! Ya nini wajifunze, na yeye yupo, anang'aa kwenye kioo?

Bwana Kesterol akashusha pumzi ndefu. Akasema kwa upole, kama mtu anayemfundisha mtoto mdogo kuvaa viatu, "Binti yangu. Komeo liko ndani. Yeye mwenyewe—"

"NDIYO! LIKO NDANI! MWACHENI ALIFIKIE!"

Sikujua nina sauti kama ile. Iligonga kioo ikarudi. Babu hata hakupepesa, bila shaka. Mbu.

Wamemleta baba yake Brigan akate bawaba. Ametazama, amegonga hapa na pale, kasema Fundi Mkuu alizitengeneza ili kuwazuia watu kama wao, zitachukua siku mbili. Msumeno umeanza mchana. Unaingia kwenye meno.


Alhamisi, tarehe 14

Punje ya shayiri haipiti tena. Karatasi ingepita.

Nakaa nimebana shavu kwenye kioo, naangalia ule mwanga mwembamba kati ya kidole na komeo. Nikiangalia sana haupungui. Nikigeuka nikarudi, umepungua. Nimejifunza kugeuka.

Macho yake hayatutazami sisi. Kwenye sanamu wamemchonga akiutazama mji kwa upendo. Uongo. Anatazama komeo. Uso wake si wa kutabasamu wala wa huzuni. Ni uso wake wa zamani, ule wa kifuniko cha mtungi kikigoma kufunguka. Kabla ya tusi.

Adhuhuri msumeno ulisimama ili mkataji ale. Kimya kikanishinda. Nikatoa insha, ile ya kwanza, kabla ya wino mwekundu, nikamsomea. Najua hasikii. Nilisoma hata hivyo, kwa sauti, mbuzi wote na matusi yao, kabati, supu. Nilisoma jinsi nilivyorudi siku moja jioni, mvua inanyesha, nikafungua kabati na mvuke ulikuwa bado umesimama juu ya bakuli vilevile alivyouacha saa sita, nami nikaupuliza, ukaanza kupanda. Nilisoma hadi mwisho bila kukwama.

Nilipomaliza nikaona dirisha la mnara liko wazi. Nikachungulia. Uwanja mzima ulikuwa umenyanyua shingo. Wageni, wauza mikate, Mwalimu Haldo na miwani yake. Wamenyamaza.

Nilikaa chini ya dirisha nusu saa nikiwa nimefunika uso.

Baadaye kamba ilirushwa. Brigan! Kwenye ncha kafunga mkate wa Babu. Akapiga kelele kutoka chini, "Mbu, kula! Nimekuachia kichwa!" Nimeula kuanzia miguuni. Kichwa nimekiweka kando.

Mama hajaja. Siku tatu. Sitaki aje. Mbona haji?


Ijumaa, tarehe 15. Siku ya Pumzi

Jua limetoka. Bawaba ya juu ilikatika jana jioni, ya chini bado. Nimesogeza mgongo wangu mlangoni, daftari liko magotini. Kama mlango ukianguka utaniangukia mimi. Nimewaambia hivyo. Msumeno ukasimama.

Uwanjani hakuna ngoma. Wapiga kengele wako juu, nawaona kutoka dirishani, wameshika kamba na hawajui wafanye nini. Kwa kawaida Mama ndiye huinua mkono.

Kifua chake kimeanza. Sikosei. Kifungo cha tatu cha kanzu kilikuwa kwenye kivuli alfajiri, sasa kiko kwenye mwanga.

Hatua kwenye ngazi. Naijua miguu hiyo. Watu wanampisha, nasikia nguo zinaburura ukutani. Bwana Kesterol anamnong'oneza kitu, ananong'ona haraka haraka, amtulize mtoto, amkumbushe heshima. Mama anampita, anasimama mlangoni. Uko ubao mmoja tu kati ya mgongo wangu na yeye.

"Tiru."

"Sifungui, Mama."

Hakuniambia nifungue.

Wote wako nyuma yake, nasikia wanavyohema. Sijui kama ni hila. Inaweza kuwa hila. Hajavaa joho — naona chini ya mlango pindo la gauni lake la jikoni, lile lenye doa la uji.

"Nimekuja na vitambaa," akasema.

Nikabandika sikio kwenye ubao.

"Vyote. Na supu iko motoni, Pimmo anaikoroga." Sauti yake imekwaruza. Akapiga ubao mara moja kwa kiganja, si kwa nguvu. "Mkono umefika wapi?"

Nimegeuka kutazama.

Kati ya kidole na komeo sioni mwanga tena.